Kabla ya rangi, amua ukubwa wa dirisha

Ukianza kutengeneza programu ya kuchora sauti kwenye kompyuta ya mezani, kitu cha kwanza kukuvuta ni rangi na mistari inayoruka. Nakusihi uviache vyote mpaka mwisho. Anza na dirisha, yaani sampuli (vipimo vidogo vya sauti) ngapi unaipa FFT, hesabu inayotenganisha sauti katika masafa yake, kwa mkupuo mmoja. Hapo ndipo skrini inaposema kweli au inapokudanganya.

Niliwahi kusaidia studio ndogo iliyokuwa na mvumo wa umeme chini ya gitaa la besi. Umeme wetu ni wa Hz 50, na noti ya chini kabisa ya besi ya nyuzi nne ni kama Hz 41. Kwa sauti ya sampuli 44,100 kwa sekunde, dirisha la sampuli 2,048 linagawa masafa katika vipande vya karibu Hz 21.5. Besi na mvumo vinakuwa kilima kimoja, na fundi hajui anatazama muziki au waya mbovu. Tulipopandisha dirisha hadi 16,384, kila kipande kikawa karibu Hz 2.7, na vilele viwili vikaachana.

Ila dirisha hilo linabeba zaidi ya theluthi moja ya sekunde, kwa hiyo pigo la ngoma linatapakaa. Kwa ngoma rudi kwenye 1,024 au 2,048. Hakuna ukubwa unaofaa kila kazi. Mwachie mtumiaji achague. Kabla hujaandika msimbo wowote, fungua Sonic Visualiser ya Queen Mary University of London, programu ya bure, uchore sauti ileile kwa madirisha tofauti. Utajifunza mengi kwa jicho tu.

Usikate sampuli kavukavu. Zipunguze taratibu kwenye kingo kwa kanuni ya Hann, la sivyo nguvu ya toni moja inavuja kwa majirani zake. Masafa yapange kwa logi, yaani kila oktava ipate nafasi sawa. Yakipangwa sawasawa, nusu ya skrini inakwenda kwa masafa ya juu ya Hz 11,000, na besi yote inabanwa pembeni.

Kuhusu maktaba, yaani msimbo uliokwisha kuandikwa wa kukokotoa FFT: FFTW ina kasi sana, lakini leseni yake ya bure ni GPL, inayodai utoe msimbo wa programu unayoisambaza. Kama utauza programu bila kutoa msimbo wake, KISS FFT ina leseni nyepesi ya BSD.

Sehemu inayopokea sauti kutoka kwenye kadi ya sauti isichore chochote. Iweke sampuli kwenye hifadhi ya mzunguko (ikijaa, sampuli mpya zinafuta za zamani), na sehemu ya kuchora ijichotee kwa wakati wake, la sivyo sauti itakatikakatika.

Kisha pima. Tengeneza kwa Audacity, programu ya kuhariri sauti, toni safi ya Hz 1,000 yenye ukubwa wa 0.5, ambapo 1 ndio upeo. Kilele kinapaswa kusimama karibu na desibeli -6. Ukisoma -12, huenda hujafidia nusu inayopunguzwa na Hann.