Anza na maneno ya nyimbo

Umeuliza uanze na kipi kwenye orodha ya nyongeza za albamu yako ya pop: maneno yanayoonekana kwa kufuata wimbo, kura za wasikilizaji au video fupi. Anza na maneno. Kila wimbo uwe na faili lake la LRC (faili la maandishi la maneno ya wimbo), kila mstari ukitanguliwa na muda, mfano [01:12.40]. Pima kwa sauti ya toleo la mwisho; ukishapima, kisha ukimya wa mwanzoni ukapunguzwa kwa sekunde moja, mistari yote itachelewa, na hapo ni bora usingeweka kabisa.

Video fupi, yaani Canvas ya Spotify inayoonekana wimbo ukichezwa, ni ya wima, 9:16, sekunde 3 hadi 8, inajirudia. Usionyeshe mdomo ukiimba, hautalingana na sauti. Kura? Baada ya wimbo wa mwisho tu.