Swali: Kama Mungu hali chakula, mbona tunamwekea sheera mbele yake?

SWALI: Namaste Panditji. Niko Mombasa. Majuzi tulifanya puja (ibada) ya Mungu Satyanarayan nyumbani nikaalika na wenzangu wa kazini, mmoja ni Muislamu, akaniuliza kwa heshima tu, mmemwekea Mungu sinia la sheera, hiyo halua ya suji, mkafumba macho mkaomba, mbona sheera iko vile vile, yeye amekula nini? Nikakosa jibu. Pia mume wangu ana kisukari, akikataa prasad, yani chakula kilichotolewa kwa Mungu, ni dhambi? Na iliyobaki nimeiweka kwenye friji naogopa hata kuigusa.

JIBU: Namaste dada yangu. Usione vibaya kukosa jibu, manake wengi wetu tumelishwa prasad tangu tuko mikononi mwa mama zetu na hakuna aliyetukalisha chini akatueleza.

Mungu hana njaa, tuanzie hapo. Kwenye Gita, kitabu chetu kitakatifu, sura ya 9 aya ya 26 Mungu Krishna anasema anayenipa jani, ua, tunda au maji kwa mapenzi, nami nayapokea. Angalia vitu alivyovitaja, hakuna hata kimoja kinachomshinda maskini, hata maji yamo! Anachopokea ni yale mapenzi, chakula chenyewe anakirudisha kwenu. Sasa mwambie mwenzako hivi, sheera haikupungua kwasababu Mungu hakuja kuipunguza, kilichobadilika ni mwenye nayo. Kabla ya puja ilikuwa sheera yako, suji yako, samli yako, pesa yako, ukishaitoa sio yako tena, na wewe uliyeipika unaipokea kama anavyopokea mgeni wa mwisho aliyekaa mlangoni. Ndo maana hatujipakulii prasad, tunanyoosha mkono wa kulia, wa kushoto ukiwa chini yake, tunapewa.

Na ndo maana mpishi haonji. Najua ulipokuwa unakaanga ile suji kwenye samli mpaka ikabadilika rangi na harufu ikajaa nyumba nzima, ukamimina maziwa ya moto, ukatia sukari na iliki na ndizi, mwiko uko mkononi na ulitaka sana kujua kama sukari imetosha, na hukulamba. Hapo dada ulikuwa ushaingia kwenye ibada kabla hata hujawasha diya, ile taa ya ibada. Ile Gita sura ya 3 aya ya 13 ina maneno makali sana juu ya hili, inasema wanaopika kwa ajili ya nafsi zao tu wanakula dhambi. Mimi kila nikiisoma nanyamaza kidogo, kwasababu haizungumzii mwizi wala mlevi, inamzungumzia mtu wa kawaida kabisa aliyekaa na sahani yake.

Mtu atakwambia mbona yule bibi Shabari alionja matunda kabla ya kumpa Mungu Rama? Kweli inasimuliwa hivyo na mimi naipenda, ila kwenye Ramayana ya Valmiki, ule utenzi wa kale wa maisha ya Rama, hakuna hiyo ya kuonja, imekuja kwenye masimulizi ya baadae, na hata humo bibi wa watu alionja ili tunda chachu lisimfikie Rama, sio ili yeye ashibe.

Ukitaka kuona prasad inafanya nini kwa watu tazama mji wa Puri, kule Odisha India, kwenye hekalu la Mungu Jagannath. Chakula kinapikwa kwa kuni kwenye vyungu vya udongo vilivyopangwa kimoja juu ya kingine, hakuna kitunguu maji wala kitunguu saumu, kinatolewa kwa Jagannath alafu kinapelekwa kwa mungu mke Bimala, hapo sasa ndo kinaitwa mahaprasad, na kinauzwa Ananda Bazar humo humo ndani ya uwanja wa hekalu. Desturi ya pale ni kwamba kwenye mahaprasad hakuna tabaka, Brahmin, mtu wa tabaka la juu, anakula chungu kimoja na mtu ambaye zamani kijijini asingekubali hata maji kutoka mkononi mwake, na hakuna anayesema nimenajisika. Yani karne na karne za kutengana, na wali wa dengu unawakalisha pamoja! Kinachoniuma ni kwamba hekalu lenyewe bado haliruhusu wasio Wahindu kuingia, hilo siwezi kulificha.

Sio kote prasad ni ya mboga, Kalighat kule Kolkata mbuzi anatolewa kwa mungu mke Kali na nyama yake ni prasad kwa waumini wa pale. Sisi wa asili ya Gujarat hatufanyi hivyo, ila tusiwatukane.

Na huyo mwenzako Muislamu kama hakula usikasirike wala usimbembeleze, dini yake ina mipaka yake kwenye chakula kilichotolewa kwenye ibada nyingine, mpe soda na karanga mkae mpige stori.

Kuhusu mume wako, naona hofu inatoka kwenye ile katha yenyewe, hadithi inayosomwa kwenye puja ya Satyanarayan, pale Kalavati anaposikia mumewe amefika na jahazi anakimbia pwani akaiacha prasad, jahazi likatoweka na mume ndani yake mpaka Kalavati aliporudi akaila ile prasad. Lakini soma vizuri, kosa la Kalavati halikuwa kula kidogo, aliiacha akaondoka kama vile si kitu. Mgonjwa akichukua punje moja kwenye ncha ya kidole, akaigusisha kwenye paji la uso akaila, ashapokea yote, nyingine ampe mtoto. Na mkifanya puja tena wekeni na lozi na tunda linalomfaa pembeni ya sheera, vyote vikitolewa ni prasad, wala daktari wake asivunjiwe masharti kwa jina la Mungu.

Ya kwenye friji ileni, mbona muiogope? Haikutolewa ili iwekwe kama kumbukumbu. Mgawie jirani, mlinzi wa getini kama anapenda, watoto wa ngazini. Ikiharibika usiitupe kwenye pipa na taka, ifukie chini ya mti. Ila usije ukaipasha moto ukaiweka tena mbele ya murti (sanamu ya Mungu) kesho asubuhi, kilichokwisha kutolewa hakitolewi mara ya pili, pika kingine hata kama ni kidogo.