Almeida alipata wapi mamlaka ya kumtawaza sultani Kilwa?

SWALI: Shikamoo mwalimu. Francisco de Almeida, aliyeivamia Kilwa na kuichoma Mombasa mwaka 1505, alikuwa mtoto wa kabaila wa Ureno. Je, ukuu wake ulikuwa wa kurithi? Na kwa nini Afonso de Albuquerque, Mreno mwenzake, alipokuja kumpokea madaraka alimgomea?

JIBU: Marahaba. Hakurithi. Baba yake alikuwa mtawala wa Abrantes, lakini cheo hicho kilikwenda kwa kaka yake, João. Mtoto wa kabaila asiye mrithi alikuwa na njia moja kubwa ya kupanda: kumtumikia mfalme, kisha kungoja fadhila zake. Almeida alikuwa amekwisha kupigana vita vya Granada, huko Hispania. Hata hivyo, Mfalme Manuel alimchagua kwanza Tristão da Cunha; Almeida akapewa nafasi ya makamu wa mfalme nchini India baada ya da Cunha kupatwa na upofu wa muda.

Mamlaka yake yalikuwa kwenye waraka wa maagizo wa mfalme: ajenge ngome wapi, biashara aishike vipi, na muda wake ni miaka 3. Kilwa ilikuwamo katika mpango huo. Sultani Ibrahim alipokimbia, Wareno walitwaa nyumba imara ya mawe, wakabomoa zilizoizunguka ili mizinga ipate nafasi, na Almeida akamtawaza Muhammad Ankoni kwa niaba ya Mfalme Manuel. Watu wa Kilwa hawakuulizwa, na hilo wanafunzi wasifichwe.

Kugoma kwake kulikuwa na uchungu ndani yake. Mwaka 1508 mwanawe Lourenço aliuawa vitani Chaul, nchini India. Albuquerque alipofika na barua ya mfalme mwishoni mwa mwaka huo, Almeida alikataa kuondoka kabla ya kulipiza kisasi. Tarehe 3 Februari 1509 aliwashinda Wamamluki, watawala wa Misri, na washirika wao huko Diu, pia India, kisha akamfunga Albuquerque. Kwa sheria ya mfalme wake, nadhani hapo alivuka mpaka. Alikabidhi Novemba 1509, baada ya Fernando Coutinho, marshali wa Ureno, kuwasili na meli nyingi kutoka Lisbon. Akiwa njiani kurudi, aliuawa na Wakhoikhoi, wenyeji wa kusini mwa Afrika, katika Ghuba ya Table, tarehe 1 Machi 1510.

Darasani mwite makamu wa mfalme nchini India. Kilwa yenyewe alimwachia kapteni wa ngome, Pêro Ferreira Fogaça.