Dada yangu asema nilipenda sukari, si mtu

*Dada mshauri, asalaam aleikum. Nina miaka 63, mzaliwa wa Buyenzi, Bujumbura. Nilipokuwa na miaka 19 nilipendana na kijana wa duka la Wahindi. Kwao walikataa, akaozwa mke mwingine. Juzijuzi nimesoma L'Amant (Mpenzi), riwaya ya mwandishi Mfaransa Marguerite Duras, nikapata hamu ya kuandika yangu. Dada yangu mkubwa kasoma kurasa tatu, akanirudishia: "Uongo huu. Ulipenda sukari na vitambaa alivyotuletea." Tangu hapo sijashika kalamu. Je, najidanganya?*
*Bibi wa Buyenzi*

Waaleikum salaam, dada yangu. Shika kalamu leo hii.

Kitabu hicho kilipotoka mwaka 1984, Duras alikuwa na miaka 70, na kisa chenyewe, cha ujana wake, alikuwa ameshakisimulia mwaka 1950 katika riwaya nyingine. Huko mwanamume tajiri analeta gramafoni na almasi, na msichana hampendi hata kidogo. Mwaka 1984 yuleyule amekuwa Mchina wa Cholon, mtaa wa Wachina huko Saigon, Vietnam, analia kwa mapenzi. Mwaka 1991 akaandika tena, mara ya tatu. Simwiti mwongo. Kila alipolirudia jambo, aliona kilichokuwa kimejificha.

Na pesa hakuificha. Mama yake, mwalimu mjane, alitia akiba yake yote katika shamba alilouziwa na serikali ya kikoloni huko Kambodia. Maji ya bahari yakawa yanalifunika kila mwaka. Ndani ya L'Amant, kaka za msichana wanapelekwa hotelini na yule Mchina. Wanakula kwa pupa, hawamsemeshi neno, kwa kuwa wao ni Wazungu, japo mafukara. Anayelipa ni yeye. Ukurasa ule uliniuma kuliko yote ya mapenzi.

Msichana wa kitabuni ana miaka 15 na nusu, bado mtoto, na mimi siwezi kulipita hilo kimya. Wewe ulikuwa na 19 na akili zako.

Sasa kumbuka ile meli inayompeleka msichana Ufaransa. Usiku, katikati ya bahari, muziki wa Chopin unasikika, naye analia: hana tena hakika kwamba hakumpenda. Alikuwa amejiambia ni pesa tu. Wewe umejiambia ni mapenzi tu, dada yako anasema ni sukari tu. Mimi nawaamini wote wawili.

Kwa hiyo sukari usiifute. Anza nayo: nani aliupokea mfuko mlangoni, mama alisema nini, chai ya jioni ile ilikuwaje. Jina la kijana libadilishe, ana mke na watoto. Na pale "mimi" inapokuchoma, andika "yule binti". Duras naye alifanya hivyo.

Kisha nenda kwa dada yako, bila ugomvi, umuulize kitambaa chake kilikuwa cha rangi gani. Maana naye alishonewa.