Kabla hujavunja mizani, msome Nima

Vijana wengi wanaoniletea mashairi huru huanza kwa kuniambia kwamba vina na mizani ni minyororo. Sibishani nao. Ugomvi huo tunao tangu Kezilahabi alipotoa diwani yake ya mashairi huru, Kichomi, mwaka 1974. Ninachowaomba, nanyi mnaoanza nawaomba hivyo hivyo, ni kumsoma Nima Yushij, mshairi wa Iran.

Jina lake la kuzaliwa ni Ali Esfandiari. Alizaliwa mwishoni mwa karne ya 19 katika kijiji cha Yush, milimani Mazandaran, akakulia kati ya wachungaji. Kusoma alifundishwa na mullah wa kijiji, mkali kupindukia. Baadaye alipelekwa Tehran, shule ya Kikatoliki ya Saint Louis, akajifunza Kifaransa. Hapo mwalimu wake Nezam Vafa alimhimiza atunge. Mwalimu wa namna hiyo mkimpata, msimwachie.

Sasa tazameni mpangilio wa kazi yake, maana hapo ndipo penye funzo. Alianza kwa kutunga kwa kanuni za kale. Mwaka 1922 akatoa Afsaneh, shairi refu la mazungumzo ambalo bado lina beti na mizani, ila sauti yake ni mpya. Qoqnus, shairi ambalo mishororo yake haifuati tena urefu mmoja, liliandikwa 1938. Kati ya mashairi hayo mawili kuna miaka 16 ya kujaribu, sehemu yake akiishi miji midogo ya kaskazini ambako mkewe Aliyeh alikuwa akifundisha.

Na alichokivunja hasa ni nini? Someni shairi lake Ay Adamha, ambamo mtu anazama baharini huku wengine wamekaa ufukweni wakicheka. Arudhi, yaani kanuni za mizani, ya Kiajemi huhesabu silabi ndefu na fupi. Hapa kipande ni kimoja: ndefu, fupi, ndefu, ndefu. Katika mshororo wa kwanza, ule wa watu waliokaa kwa raha, kipande hicho kinarudi mara nne na kubakiza silabi moja. Wa pili, unaosema kuna mtu anakata roho majini, una vipande vitatu na silabi moja. Mizani ipo yote. Kilichoachwa ni sharti la kila mshororo kulingana na mwenzake, sharti lililodumu takriban miaka elfu. Kina nacho hakukifukuza, alikiweka pale wazo linapofika mwisho. Mimi naona huo ni ujasiri mkubwa kuliko kutupa kila kitu, kwa sababu kila urefu unadai sababu yake.

Kwa hiyo mkiniletea shairi huru nitauliza: mshororo huu umekatika hapa kwa nini? Kama jibu ni pumzi, hofu, au wimbi, tutaelewana. Kama ni kwamba karatasi iliishia hapo, rudini mkatunge tarbia kwanza, zile za mishororo minne kwa ubeti, nyingi, mpaka mizani iingie sikioni.

Walitokea waliokwenda mbali zaidi yake. Ahmad Shamlou aliiacha arudhi kabisa na bado mashairi yake yanaimba, lakini naye alianzia kwa Nima. Mehdi Akhavan-Sales, aliyeijua arudhi ya kale barabara, ndiye aliyekaa akaandika kwa kina kuonyesha mizani ya Nima inavyofanya kazi.

Nima alifariki Januari 1960. Aliacha pia barua alizomwandikia jirani wa kubuni, zikiwa na ushauri kwa watunzi: tazama kitu chenyewe kwa macho yako, ukieleze kilivyo, usiazime mawaridi na mishumaa ya waliotangulia. Anzeni na barua hizo, kisha mrudi kwenye Ay Adamha na kalamu mkononi.