Jina ni tamu, lakini somo yuko wapi?

Mhariri,

Wiki hii mmeuliza kama ni sawa mzazi kumpa mtoto jina kwa sababu tu linapendeza masikioni, bila kujali maana yake. Ningepita kimya, maana mijadala ya majina huanza kwa mzaha ikaishia kwa watu kununiana. Ila mfano mlioutoa, wa mabinti wa siku hizi wanaoitwa Skye, Ailsa na Isla, umenigusa pabaya. Kwetu yumo mmoja. Mtoto wa kaka yangu kazaliwa Perth, Uskoti, anaitwa Isla, na jina hilo limetutoa jasho ukoo mzima, kuanzia Ngamiani hapa Tanga mpaka Muscat, Oman.

Niimalize hiyo maana kwanza, kwa kuwa ndiyo mliyoiulizia. Ukitafuta mtandaoni utaambiwa Isla ni "kisiwa". Hicho ni Kihispania, na Waskoti hawakulitoa huko. Wao wanalitamka Aila, s haisikiki kabisa, na wanalihusisha na mahali pao: kisiwa cha Islay upande wa magharibi, au mto Isla unaoteremka milimani na kuingia mto Tay. Islay ni kikubwa kuliko Mafia na ni kidogo kuliko Pemba. Kimesifika duniani kwa wiski yenye harufu ya moshi, kwa sababu shayiri yake hukaushwa kwa udongo mweusi wa mabwawani ambao watu wa huko huukata, wakauanika, wakauchoma kama kuni. (Habari ya wiski mama yangu hajaisikia. Naomba gazeti la wiki hii lisifike barabara ya kumi na mbili.)

Jina la kisiwa chenyewe maana yake wataalamu wanaibishania hadi leo. Ni kongwe mno. Mtawa Adomnán, aliyeandika kwa Kilatini mwishoni mwa karne ya 7, aliandika Ilea, na wasemaji wa Kigaeli, lugha ya kale ya Waskoti, husema Ìle. Hiyo s ilipachikwa baadaye na waandishi waliolifananisha na neno la Kiingereza la kisiwa. Kwa hiyo herufi iliyotuvuruga sisi Tanga ni mgeni hata huko kwao.

Basi jina halina maana inayojulikana, na bado mwaka 2020 ndilo lililoongoza kwa watoto wa kike Uskoti nzima. Linapendwa kwa sababu ni fupi, ni laini, lina irabu mwanzo na mwisho, na linanukia nyumbani bila kunukia uzee. Mama zao walikuwa akina Margaret na Mary, wamechoka. Mkiniuliza mimi, maana si hoja kabisa. Tazameni Fiona. Kampala, Nairobi na Moshi wamejaa Fiona, na jina hilo limetokana na neno la Kigaeli lenye maana ya weupe. Aliyelivumisha ni mwanamume wa mji wa Paisley, huko huko Uskoti, William Sharp, aliyekuwa akiandika vitabu miaka ya 1890 akijiita Fiona Macleod, na siri haikutoka mpaka alipofariki mwaka 1905. Nimesoma na Fiona mmoja mweusi ti, wala hakuna aliyewahi kumuuliza weupe wake uko wapi. Jina likishaitwa vya kutosha linamwacha aliyelitunga na kumfuata aliyenalo.

Sasa nielezeni, kama maana si hoja, ugomvi wetu ulitoka wapi?

Kaka aliingia kwenye kundi letu la WhatsApp jioni, baada ya magharibi. Picha ya kitoto kimefungwa kofia ya sufu, macho yamefumba, na chini yake maneno machache: "Alhamdulillahi, wa kike. Isla." Mama alikuwa barazani anachambua mchele, miwani ameiacha ndani, kwa hiyo mimi ndiye niliyesoma. Nikasoma kama nilivyoona. Mama akainua uso akasubiri, kama mtu aliyesikia nusu ya salamu.

Wa kwanza kujibu kwenye kundi alikuwa baba mdogo. "Mashaallah. Malizia M."

Akafuata binamu: "Bando limemkata."

Tukakaa kusubiri M. Haikuja. Kaka hakuwa hewani, na saa hizo alikuwa na haki ya kutokuwa hewani. Kijana wetu mmoja anayesoma chuo cha dini akatuokoa, akaandika aya ndefu kwamba hilo bila shaka ni Islah, Kiarabu, maana yake kutengeneza na kupatanisha, jina zuri mno, ila hospitali za kule hawaandiki h ya mwisho. Kundi zima likafurahi. Zikamiminwa dua na maua. Kwa muda wa saa nzima hivi mtoto alikuwa Islahi, na mama aliinuka kwenda kuwapigia simu majirani.

Ndipo mama mdogo wa Muscat alipotuma sauti. Yule mama hakosi habari. Akasema jamani mnajisumbua, hilo ni la Kiskoti, linatamkwa Aila, na yupo mwigizaji wa sinema Isla Fisher, kazaliwa hapa hapa Muscat mwaka 1976, wazazi wake Waskoti, kakulia Australia. Alilisema kwa fahari kabisa, kana kwamba aliwahi kumbeba.

Mama aliisikiliza ile sauti mara mbili. Akauliza, "Aila ya nani?"

Nikamwambia, "Ndilo jina lake, mama. Aila."

"Aila ni sisi," akasema, maana kwetu aila ni familia. "Huyu mtoto, yeye ni nani?"

Mnaoishi mbali na pwani mtanisamehe nikieleza kidogo. Kwetu mtu akiitwa jina lako ni somo wako. Bibi na mjukuu wakiwa somo wanataniana, wanasingiziana makosa, mmoja akikaribishwa mwingine naye ameshafika. Mama anaitwa Mwanahamisi. Mimi nimejaliwa madume matupu, kwa hiyo matumaini yake yote ya kupata somo yalikuwa Perth. Alikuwa ameshakwenda kwa sonara na hereni zake mbili za ujana, zikayeyushwa, kikatoka kikuku chembamba cha mtoto. Sonara alilalamika kwamba jina ni refu kuliko kikuku. Mama akamwambia apunguze maua, herufi zitimie. Akazibana, zikazunguka mkono mzima hadi -si ikakaribia kugusa Mwa-. Kazi safi, sijui alitumia sindano gani. Kile kikuku kilikuwa kabatini, kwenye pamba, usiku ule tunasubiri M.

Simu ya video ilipigwa kesho yake. Kaka amesimama jikoni, nyuma yake birika linachemka, sura ya mtu ambaye hajalala. Mama hakumgombeza. Ingekuwa afadhali angemgombeza. Aliuliza kama mtoto ameadhiniwa, akaambiwa ndiyo. Akauliza kama ananyonya, ndiyo. Akauliza hali ya mkamwana, hajambo. Halafu akasema, "Mbuzi wa akika yupo. Nimwambie maalimu jina gani?" Kaka akalitaja tena, taratibu, kama anamfundisha mtu kusoma. Mama akasema haya, akanipa simu, akaingia ndani.

Nilimchamba kaka yangu, sitaki kuficha. Nilimwambia ameokota jina njiani akaruka mlango wa mama yake. Hapo wifi akaiomba simu. Kiswahili chake ni cha "habari za asubuhi", kwa hiyo kaka alitafsiri, na nadhani alipunguza makali. Mama yake wifi ni Margaret. Na Waskoti wa zamani walikuwa na utaratibu wao, wala haukuwa wa kubahatisha: binti wa kwanza hupewa jina la bibi mzaa mama, wa pili la bibi mzaa baba, wa tatu la mama mwenyewe. Wavulana nao hivyo hivyo kwa babu zao, wa kwanza upande wa baba. Nilibaki mdomo wazi. Miaka yote nilidhani wazungu wanachagua majina kama wanavyochagua rangi ya mapazia.

Bibi Margaret naye, kumbe, alikuwa anasubiri. Wifi akasema (kwa mdomo wa kaka): nikimpa mtoto jina la mama yangu, nyinyi mtasema mtoto wenu amemezwa. Nikimpa la mama yenu, mama yangu atakuwa mgeni kwa mjukuu wake wa kwanza. Kwetu mashambani mto Isla unapita chini ya shamba la babu yangu, karibu na Alyth, tulikuwa tunachuma matunda damu kule kila kiangazi. Mto hauna mkwe.

Nilikosa la kusema. Kwa sheria yao mtoto aandikishwe ndani ya siku 21, kwa desturi yetu akika ni siku ya saba, na bibi wawili wako kila mmoja upande wake wa dunia na jina mkononi. Mtu aliyekaliwa hivyo hata mimi ningekimbilia mtoni.

Siku ya akika maalimu aliomba karatasi yenye jina. Nilishika kalamu nikaandika Aila, kwa herufi kubwa, bila kumuuliza mtu. Maalimu akasoma vizuri tu, wazee wakaitikia. Cheti cha Perth kinasema Isla. Siku mtoto huyu atakapotafuta hati yoyote huku kwetu watanitafuta mimi, nami nitakuwepo, inshallah.

Nilipoanza kuandika nilikusudia kusema kwamba majina haya mapya ni ubinafsi: mzazi anatafuta jina ambalo halidaiwi na mtu ili asimshukuru mtu. Bado naliamini hilo kwa wazazi wengi. Lakini naona haya kulisema kwa sauti kubwa nikitazama mtaa wangu. Ingieni chekechea yoyote ya Tanga muite Mwanahamisi. Au Mwajuma, maskini, ambaye wachekeshaji wamemfanya kichekesho mpaka wasichana wenye jina hilo wanajiita Jumy. Wanaoitika ni Ilham, Rayan, Nasrin, Arham. Nao wana bibi zao waliokuwa wakingoja somo, na hakuna mto wala bibi Margaret wa kusingizia. Walisikia jina kwenye tamthilia likawaingia, basi. Na Mwanahamisi yenyewe tukiichokonoa ni mtoto aliyezaliwa Alhamisi. Hakuna hekima iliyofichwa humo. Uzito wake wote ni mama.

Kwa hiyo jibu langu, mhariri, ni ndiyo, jina lichaguliwe kwa utamu wake, na Isla ni jina tamu. Hata mama amelizoea. Anasema "Aila wangu" bila kujikwaa, na majirani wanadhani sisi ndio tuliolibuni. Naongeza tu kwamba utamu usipimwe kwa masikio ya wazazi wawili peke yao. Kabla ya kutuma ujumbe kwenye kundi, mpigie anayesubiri somo umwambie mwenyewe, kwa sauti, hata kama atanuna. Kununa kwa simu ya watu wawili hupita. Kununa mbele ya kundi lenye "malizia M" huchukua muda. Na wale watakaoniandikia kwamba jina la kigeni linapoteza dini na mila, nawaomba watuambie kwanza watoto wao wanaitwaje.

Hapa naona nimeshajipinga, kwa sababu lipo moja lililobaki na linahusu maana, ile niliyosema si hoja. Wifi ni mjamzito tena. Kwa utaratibu wa kwao binti wa pili ni wa bibi mzaa baba, yaani mama yangu, lakini wa kwanza aliporukwa sijui foleni inahesabiwaje, na sitaki kuiuliza. Nimechunguza jina Margaret. Linatoka Kigiriki, na maana yake ni lulu. Nimemwambia kaka, tena kwa simu na si kwenye kundi, kwamba akija wa kike amwite Lulu: Margaret atakuwa amepata jina lake, na huku Tanga hakuna atakayeuliza herufi gani imesahaulika. Kaka kapenda, wifi kapenda. Mama kasema hataki, paka wa jirani anaitwa Lulu.