Kabla ya kuwawashia watoto katuni ya uchawi ya Kihindi

Mchawi wa katuni za Kihindi haogopeshi kwa nguvu zake. Kinachomgandisha mtoto wa Hyderabad kitini ni sharti lililomfunga mchawi huyo. Katika filamu ya mwaka 2012 ya Chhota Bheem, mvulana shujaa wa katuni, mchawi Damyaan hafi, lakini laana imemfungia katika mji wa Sonapur. Bibi aliyeketi nyuma ya mjukuu hahitaji kuelezwa zaidi, maana ngano ya Hiranyakashipu anaijua: mfalme aliyejiombea asiuawe na mtu wala mnyama, ndani wala nje, mchana wala usiku. Narasimha, nusu mtu nusu simba, akammaliza kizingitini jua likizama.

Kwa hiyo, wakati wa kuwaonyesha watoto, simamisha picha mara tu sharti linapotajwa, uwaulize: mwanya uko wapi? Usiwajibie. Kama filamu iko kwa Kihindi, tafsiri masharti na vitisho tu. Ukitafsiri kila sentensi utafunika nyimbo, na nyimbo ndizo watakazoondoka nazo. Mdogo akiogopa, punguza sauti kabla ya kumziba macho, kwani mara nyingi muziki ndio unaotisha kuliko ile sura. Katikati weka mapumziko ya dakika 10, kama sinema za India zifanyavyo.

Halafu kuna ladu, vitamu vya Kihindi vya mviringo. Bheem hashindi kwa uchawi, hushinda kwa nguvu anazopata akila ladu, na watoto watazidai. Chukua vikombe 2 vya unga wa dengu na nusu kikombe cha samli. Kaanga kwa moto mdogo dakika 20 hadi 25 bila kuacha kukoroga, mpaka harufu ya ubichi iishe. Ukiharakisha kwa moto mkubwa, unga utaungua huku ndani ni mbichi, na ladu itanata kwenye kaakaa. Epua, ngoja iwe vuguvugu, ndipo utie kikombe 1 cha sukari iliyosagwa na iliki kidogo. Wengi huharibu hapa: sukari ikiingia kwenye moto huyeyuka, mchanganyiko ukalegea, ukapata chapati badala ya ladu. Zifinyange ziwe mviringo; zikikataa kushikana, ongeza samli kijiko kimoja kimoja.

Zigawe wakati wa mapumziko, si mwanzoni. Vidole vya samli na rimoti havipatani.